Usikate uyoga wa malishoni, uchimbe

Ushauri wa kwanza anaopewa karibu kila mtu anayeanza kuokota uyoga ni huu: kata kwa kisu juu kidogo ya udongo, usiung'oe, ili msimu ujao uote tena. Unatolewa kwa nia njema, na umezoeleka kiasi kwamba ukionekana umepiga magoti malishoni unachimba, wapo watakaokuona mharibifu. Mimi nachimba, na namsihi kila anayeanza achimbe. Kwenye nyasi, alama inayotenganisha mlo na mauti mara nyingi imejificha sentimita mbili tatu chini ya ardhi. Anayekata kwa juu huondoka na kofia nzuri mkononi, ushahidi ameuacha udongoni.

Hofu ya kuharibu tuimalize kwanza. Uyoga tunaouona ni tunda tu. Mwili wenyewe ni utando wa nyuzi nyembamba kuliko unywele, unaoishi ardhini mwaka mzima hata pale ambapo juu hakuna kitu. Watafiti wa Uswisi walifuatilia maeneo ya msitu kwa miaka 29, tangu 1975 hadi 2003. Kwingine uyoga uling'olewa, kwingine ulikatwa, kwingine haukuguswa kabisa. Matokeo yaliyochapishwa mwaka 2006 yalionyesha kwamba kuvuna, kwa njia yoyote kati ya hizo, hakukupunguza uyoga wa miaka iliyofuata. Kilichoupunguza ni miguu ya wavunaji: palipokanyagwa sana, uyoga uliota kidogo. Kwa hiyo anayetaka kulinda malisho apunguze kuzungukazunguka, na akishachimba arudishe udongo mahali pake na kuushindilia kwa kiganja.

Nayapenda malisho kuliko msitu. Mwanga ni mwingi, nyasi ni fupi, na kitu cheupe kinaonekana ukiwa mbali. Sehemu kubwa ya uyoga wa nyasi hujilisha kwa vitu vilivyokufa: mizizi mikavu, majani yaliyooza, samadi. Ndiyo maana malisho ya miaka mingi yanayoliwa na ng'ombe, farasi au kondoo, yasiyopigwa jembe wala kumwagiwa mbolea ya kiwandani, ndiyo yenye neema. Ikinyesha mvua ya kutosha wakati udongo bado una joto, subiri siku chache kisha utoke mapema. Nasema mapema kwa sababu ya inzi. Wao hutaga mayai kwenye uyoga, na ukichelewa utakuta shina limetobolewa na funza mpaka katikati ya kofia.

Ukisimama mahali palipoinuka unaweza kuona nyasi zimechora duara, au kipande cha duara, la kijani kilichokoza kuliko kwingine. Huko Ulaya watu waliamini kwa karne nyingi kwamba vibwengo walicheza ngoma hapo usiku, wengine wakasema radi ilipiga. Mwaka 1807 mwanasayansi wa Uingereza, William Hyde Wollaston, alieleza kwamba ni kazi ya uyoga. Nyuzi huanzia sehemu moja na kusambaa pande zote, zikila kilichopo na kusonga mbele. Zinapoozesha vitu vya udongoni huachia naitrojeni, nyasi za hapo zinanawiri. Nyuma yake kidogo, nyuzi zikibana sana, udongo hukataa maji na nyasi hunyauka. Duara hupanuka kila mwaka, na yapo yanayokadiriwa kuwa na umri wa mamia ya miaka. Ukishajua hili unaacha kutangatanga. Unatafuta duara, unalifuata kwa pembeni bila kulikanyaga.

Sasa huo mwanga wote una hatari yake. Watu wengi wanaamini sumu iko msituni, na kwamba kinachoota waziwazi kwenye nyasi, jua likikiwakia, hakiwezi kuwa kibaya. Imani hii ina chembe ya ukweli: uyoga unaoua zaidi, jamii ya Amanita, kwa kawaida huishi kwa kushirikiana na mizizi ya miti. Lakini mti mmoja pembeni ya malisho unatosha. Mizizi huenda mbali kuliko kivuli cha matawi, na uyoga huchomoza hukohuko ilikofika, katikati ya nyasi, ambako hakuna anayekumbuka kuinua macho kuutafuta mti. Amanita phalloides, ulioua watu wengi kuliko uyoga mwingine wowote, asili yake ni Ulaya, lakini umesafiri pamoja na miche ya miti hadi Australia, Afrika Kusini na Amerika. Zipo pia Amanita zisizohitaji mti hata mmoja. Amanita thiersii wa Marekani huota katikati ya nyasi za uani. Kwa hiyo mimi ninapoingia malishoni jambo la kwanza ni kutazama miti iko wapi, na jambo la pili ni kujikumbusha kwamba hata isipokuwepo sijasalimika.

Anayeanza namwambia ajifunze uyoga mmoja tu msimu mzima, Agaricus campestris, uyoga mweupe wa malisho unaojulikana karibu duniani kote. Ni ndugu wa ule mweupe unaolimwa na kuuzwa madukani, na kwa ladha naona unamshinda ndugu yake kwa mbali. Kofia yake ina upana wa sentimita 3 hadi 10, nyeupe, laini kama hariri, na ukingo wake huning'inia kidogo kupita matamvua. Matamvua ni zile karatasi nyembamba zilizopangwa chini ya kofia, na hapo ndipo jicho liende mara tu unapougeuza. Kwa Agaricus campestris matamvua ni ya waridi, waridi hasa, usiohitaji kubishaniwa. Hayajashikana na shina. Uyoga ukikomaa yanageuka rangi ya chokoleti, na ukizeeka yanakaribia kuwa meusi. Shinani kuna pete nyembamba ambayo mara nyingi imeshachanika au imedondoka. Na kitako cha shina, hicho ulichokichimba, kinachongoka kidogo kuelekea chini, kikavu, hakina uvimbe na hakina mfuko.

Msomaji wa haraka ataridhika na matamvua ya waridi na kufungua kikapu. Asifanye hivyo, kwa sababu kuna ndugu mwingine.

Agaricus xanthodermus huota kwenye nyasi hizohizo, baada ya mvua hiyohiyo, wakati mwingine hatua chache tu kutoka kwa ule mzuri. Nao ni mweupe, una pete, na matamvua yake hupitia waridi kabla ya kuwa ya kahawia. Ukiwa umekatwa na kuwekwa mezani unaweza kumpita hata mtu mwenye uzoefu. Kwa hiyo uchukue na mizizi yake ya nyuzi, ukung'ute udongo, uushike kichwa chini. Kitako chake kwa kawaida kimevimba kidogo. Ingiza ncha ya kisu hapo hasa na upasue shina kwa urefu, kisha usiondoe macho. Ndani ni nyeupe. Kabla hujamaliza kuvuta pumzi, chini kabisa ya kitako panaanza kuingia rangi, na si ukijivu wala ukahawia wa kitu kinachochakaa. Ni njano kali, inayong'aa, kana kwamba mtu amedondosha rangi ya kuchorea. Inabaki imekoza hapo kitakoni, inafifia kadiri unavyopanda juu ya shina, na baada ya dakika chache inaanza kuchafuka kuwa kahawia. Kwaruza na ukingo wa kofia kwa ukucha, njano itatokea pia. Halafu unuse. Harufu yake ni ya wino, au ya ile dawa ya kuulia vijidudu inayokukaribisha kwenye korido za hospitali. Ni kemikali iitwayo fenoli. Ukiuweka jikoni harufu hiyo haipotei, inaongezeka hadi nyumba nzima ijae.

Asiyekuwa na kitako amekosa alama iliyo wazi kuliko zote. Na adhabu yake ni tumbo kusokota, kutapika na kuharisha kwa saa nyingi. Wapo wanaoula bila kudhurika, na hao ndio wanaowaponza wenzao, kwa sababu wanasimulia kwa moyo mweupe kwamba wao wameula na hawakupata lolote. Tumbo la mwenzako si kipimo cha tumbo lako.

Hapa anayejifunza hupata mkanganyiko wa kweli, nami siwezi kuuruka. Agaricus arvensis, mkubwa wa ukoo huu, wenye kofia inayoweza kufika sentimita 20, nao hugeuka njano, na unalika vizuri sana. Tofauti iko mahali, kasi na harufu. Njano ya arvensis ni hafifu, inakuja polepole juu ya ngozi ya kofia pale ilipoguswa, na ukipasua kitako hakitoi ule mwako wa njano. Harufu yake ni tamu, ya shamari au lozi. Pete yake inaning'inia, na ukiitazama kwa chini utaona imepambwa kwa meno yaliyopangwa kuizunguka. Siwezi kumwambia mtu aitegemee alama moja kati ya hizi. Zikikubaliana zote, sawa. Moja ikikataa, uyoga unabaki malishoni.

Nirudi kwa Amanita, kwa sababu hapo ndipo kuchimba kunapookoa maisha hasa. Uyoga huu huanza maisha ukiwa ndani ya ngozi nyeupe inayoufunika wote, umbo la yai, nusu udongoni. Unapokua, ngozi hiyo inapasuka. Kofia inapanda juu, lakini sehemu ya chini ya ngozi hubaki imelikumbatia shina, ikiwa mfuko uliolegea. Mfuko huo ukiuona, huna haja ya kuendelea na uchunguzi. Shida ni kwamba karibu wote umo ardhini. Ukikata kwa kisu juu ya udongo, unachobaki nacho ni uyoga wenye kofia ya kupendeza, pete nadhifu na shina jeupe. Mfuko umeubakiza shimoni. Amanita phalloides mara nyingi una ukijani au umanjano kwenye kofia, lakini upo mweupe mtupu, na ndugu zake kadhaa wenye sumu hiyohiyo ni weupe kuanzia kichwani hadi chini.

Alama nyingine ni matamvua. Ya Amanita hizi ni meupe tangu mwanzo na hubaki meupe. Ndiyo maana sheria yangu haina msamaha: uyoga mweupe wa nyasi wenye matamvua meupe siuchukui. Najua nakosa mingine inayolika. Najua pia kwamba matamvua ya Agaricus arvensis mchanga bado yamepauka kabla ya kushika waridi, na kwa sababu hiyohiyo sichukui vichanga vilivyofumba, hata vikiwa vizuri kiasi gani. Kichanga kilichofumba hakijakuonyesha uso wake.

Sumu iliyomo inaitwa amatoksini. Kuchemsha hakuiondoi, wala kukausha, wala kugandisha. Inazuia kimeng'enya ambacho seli hukihitaji ili kusoma maagizo ya kutengeneza protini, na seli za ini ndizo zinazoathirika zaidi. Kofia moja inatosha kumuua mtu mzima. Lakini kinachonitisha kuliko kipimo ni mwendo wake. Mtu anakula, analala salama. Kwa kawaida saa 6 hadi 12 hupita bila dalili yoyote, wakati mwingine hata 24. Kisha kunakuja kutapika na kuharisha kukali. Baada ya siku moja hivi hali inatulia, mgonjwa anajisikia nafuu, ndugu wanashukuru, pengine anaruhusiwa kurudi nyumbani. Wakati huohuo ini linaendelea kuharibika, na dalili zinapojitokeza tena ugonjwa umeshafika mbali. Waliopona wameeleza kwamba uyoga wenyewe ulikuwa na ladha nzuri. Ulimi hauwezi kuonya.

Haviwezi kuonya pia vile vipimo vinavyopitishwa kutoka kinywa hadi kinywa. Eti chemsha na kijiko cha fedha, kikiwa cheusi kuna sumu. Fedha huwa nyeusi kwa salfa, na amatoksini haiigusi. Eti kofia ikimenyeka ngozi uyoga ni salama. Amanita phalloides humenyeka vizuri tu. Eti kama konokono au wadudu wameula nasi tunaweza kula. Konokono hana ini la binadamu. Eti vitunguu vilivyopikwa nao vikibadilika rangi kuna sumu. Kila moja ya hizi imeshawahi kumfanya mtu ajiamini mahali ambapo angeogopa, na nikisikia zinasemwa mbele ya watoto siwezi kukaa kimya.

Nitaje na simu. Napokea picha nyingi: "Dada, huu unalika?" Picha imepigwa kwa juu, inaonyesha duara jeupe juu ya nyasi na kivuli cha mpigaji. Programu za kutambua uyoga zinalishwa picha za aina hiyohiyo. Haziwezi kuona kitako, haziwezi kunusa, haziwezi kupasua shina na kungoja. Nazitumia kunipa jina la kuanzia utafiti, kama ningetafuta neno kwenye kamusi. Jibu la mwisho silitoi kwenye picha, hata aliyeituma awe mtu ninayempenda. Hasa akiwa mtu ninayempenda.

Kuna uyoga mmoja ambao kitako chake hakisaidii, na haki ni kuusema. Chlorophyllum molybdites hupenda nyasi za maeneo ya joto, pamoja na zile zinazokatwa kwa mashine. Ni mkubwa, mweupe, wenye magamba ya kahawia juu ya kofia, na Amerika Kaskazini ndio unaotajwa zaidi katika visa vya watu kudhurika kwa uyoga. Hauui kama Amanita, lakini unaweza kumlaza mtu mzima hospitalini kwa kutapika na kupoteza maji. Unafanana na Macrolepiota procera, uyoga mrefu unaosifiwa sana, wenye pete inayoteleza juu na chini na shina lenye michoro ya magamba. Shina la Chlorophyllum ni laini, halina michoro. Hiyo ni dalili nzuri, ila hukumu hutolewa na spora, lile vumbi la uzazi linalodondoka kutoka kwenye matamvua.

Kuchukua chapa ya spora ni kazi ambayo mtoto anaweza kuifanya, na bado watu wanairuka. Ondoa shina. Laza kofia, matamvua yakiangalia chini, juu ya karatasi ambayo nusu yake ni nyeupe na nusu ni nyeusi, ili rangi yoyote ipate mahali pa kuonekana. Funika kwa bilauri upepo usipite. Acha hadi asubuhi. Ukiinua kofia utaona mistari midogo ya vumbi iliyodondoka moja kwa moja kutoka kati ya matamvua. Agaricus hutoa kahawia iliyokoza ya chokoleti. Amanita na Macrolepiota hutoa nyeupe. Chlorophyllum molybdites hutoa kijani, na kijani hicho hakina mfano. Kuna na uyoga mwingine, Entoloma, ambao matamvua yake ya waridi yanaweza kumdanganya mtu aliyezoea Agaricus. Baadhi yake, kama Entoloma sinuatum, una sumu mbaya. Chapa yake hubaki waridi, haifiki chokoleti kamwe, na matamvua yake yameshikana na shina. Usiku mmoja wa kungoja unamaliza ubishi huu wote.

Uyoga wa duara usio na shina wala matamvua wengi huuona rahisi. Calvatia gigantea unaweza kuwa na kipenyo cha nusu mita na uzito wa kilo kadhaa, na mkubwa hivyo haufanani na kitu kingine. Hatari iko kwa midogo. Kila mmoja upasuliwe katikati kutoka juu hadi chini, kila mmoja, bila kujali umeshapasua mingapi. Ndani pawe peupe pote, imara, pasipo mchoro. Pakiwa pameanza umanjano au ukijani wa zeituni umeshazeeka. Pakiwa pazambarau iliyokoza na ngozi nene ngumu, huo ni Scleroderma, una sumu. Na ukiona kivuli cha kofia, matamvua na shina vimejikunja ndani, umeshika yai la Amanita. Nimeshawaonyesha watu mchoro huo, wa uyoga mzima uliolala ndani ya yai, na sijaona aliyehitaji maelezo zaidi.

Kuhusu Marasmius oreades, mdogo mwenye rangi ya ngozi mbichi anayechora maduara, ladha yake ni nzuri na ana maajabu yake: hukauka kwa jua na mvua ikimnyeshea hufufuka. Matamvua yake yako mbalimbali na shina lake ni gumu, unaweza kulipinda bila kuvunjika. Lakini Clitocybe rivulosa, mweupe mwenye unga juu ya kofia na matamvua yaliyobanana, anaweza kuota katika duara lilelile, bega kwa bega. Ndani yake mna sumu iitwayo muskarini, ambayo ndani ya saa mbili, pengine dakika 15 tu, humtoa mtu jasho, mate na machozi mfululizo. Anayeokota kwa kukumba kwa mkono hawezi kuwatenganisha. Kwa maoni yangu uyoga wowote mdogo wa kahawia au mweupe si wa msimu wa kwanza.

Katika nyanda za nyasi za Afrika na Asia kuna uyoga ambao kuchimba kunaufichua kwa namna ninayoipenda kuliko zote. Termitomyces haujilishi peke yake. Mchwa huubeba na kuulima ndani ya kichuguu, kwenye masega ya majani waliyoyatafuna. Unapotaka kuchanua, unasukuma mkia mrefu kutoka kwenye sega hilo hadi juu ya ardhi, ukiongozwa na ncha ngumu iliyo katikati ya kofia. Ukiung'oa kwa haraka mkia unakatika na unadhani shina limeishia hapo. Ukichimba taratibu unaufuata unavyozidi kushuka, mweusi kwa nje, mweupe kwa ndani, mpaka mkono unapokutana na nyumba ya mchwa. Aina moja, Termitomyces titanicus, kofia yake inaweza kukaribia upana wa mita moja. Chapa yake ina uwaridi, kwa hiyo hapa pia tazama alama zote pamoja.

Mahali nako kunahesabiwa. Agaricus hufyonza metali nzito, hasa kadimiamu, na kuzikusanya mwilini. Kando ya barabara yenye magari mengi, karibu na kiwanda, kwenye nyasi zinazopigwa dawa, uache hata kama umeutambua bila shaka. Na malisho yakiwa ya mtu, aombwe kwanza. Uache pia Hygrocybe, ile midogo myekundu, ya manjano na ya machungwa inayong'aa kama iliyopakwa nta. Baadhi yake inalika, lakini huota pale tu ambapo nyasi hazijatiwa mbolea kwa miaka mingi, na mbolea ikiingia inatoweka. Nikiikuta nainama, naitazama kwa muda, napita.

Beba kikapu au mifuko ya karatasi. Plastiki hutoa jasho na uyoga huanza kuoza kabla hujafika nyumbani. Usiojulikana usichanganywe na unaojulikana hata kwa safari ya dakika chache, kwa sababu kipande cha kitako cha Amanita kikidondoka kikapuni hakuna atakayekiona. Jikoni uyoga wa porini haulwi mbichi. Hata Agaricus mzuri una agaritini, kemikali inayoshukiwa kudhuru, ambayo hupungua kwa kupikwa, na ganda la seli za uyoga ni gumu kwa tumbo. Aina mpya kwako, hata ukiwa na uhakika nayo, ionje kidogo mara ya kwanza, ikiwa peke yake, na wasile watu wote wa nyumba siku moja. Weka mmoja mzima, haujapikwa, ukiwa na kitako chake, ndani ya karatasi kwenye friji, na uuache humo kwa siku mbili.

Mtu akiugua, uende naye hospitali huo uliobaki, pamoja na maganda yaliyotupwa na hata mabaki ya sufuria. Msingoje aone nafuu, na akiiona njiani msigeuze. Mwambieni daktari saa mliyokula na saa dalili zilipoanza. Zikianza ndani ya saa mbili, mara nyingi sumu ni ya tumbo au ya muskarini, ambayo ina dawa yake, atropini. Zikianza baada ya saa 6, atalifikiria ini mara moja, na ataanza kulishughulikia kabla majibu ya maabara hayajarudi.